Mpinzani wa Kubuni Asemapo Kimeru

Likizo iliyopita, nikiwa nyumbani Meru, nilimkuta mpwa wangu, mwanafunzi wa chuo mjini Embu, akicheza Counter-Strike katika kompyuta kuukuu isiyokuwa na intaneti. Mchezo huo wa kufyatuliana risasi, ulioanza mwaka 1999 kama marekebisho ya mashabiki juu ya mchezo mwingine, Half-Life, ulikusudiwa watu wengi wapambane kwa pamoja mtandaoni. Nikamwuliza anapigana na nani.

"Na kompyuta, Mjomba."

Wapinzani hao ni kazi ya programu iitwayo PODBot, iliyobuniwa na mashabiki. Nasita kuwaita maboti, kwani boti kwetu ni chombo cha majini. Ajabu ni kwamba mpinzani huyo hana macho. Sharti mtu atangulie kupita kila kichochoro na kila ngazi ya uwanja akiweka alama, naye azifuate. Aidha, programu huhifadhi kumbukumbu ya mahali palipomdhuru, apate kupahofia baadaye.

Walimu wenzangu watauliza mchezo wa bunduki una faida gani. Sitetei bunduki. Hata hivyo, kwa kijana anayenunua data kwa kujinyima, kucheza bila mtandao si anasa. Tena kampuni hufunga milango: huduma ya GameSpy ilipozimwa mwaka 2014, michezo kadhaa ya zamani, ukiwemo Battlefield 2 wa mwaka 2005, ilipoteza uwanja wake rasmi wa mtandaoni. Bao letu halina wa kulifunga, na mchezo uliotiwa wapinzani wa kubuni hulikaribia bao kwa uhuru huo.

Lakini kilichonivuta mimi, mtu wa isimu, ni faili moja ndogo ya maandishi matupu. Ndani yake mna sentensi ambazo mpinzani huzitamka anapoua, pamoja na majibu yanayoamshwa na maneno maalumu ya mchezaji. Ajuaye kuchapa aweza kuzifuta na kuandika zake. Mpwa wangu alikuwa amekwisha kutia Kiswahili na Sheng. Nikamwuliza, mbona si Kimeru?

"Hiyo si lugha ya kompyuta, Mjomba."

Jibu hilo lilinichoma. Katiba yetu ya mwaka 2010, katika kifungu cha 7, inaiagiza Serikali kukuza matumizi ya lugha za kiasili. Lakini katiba haichapi sentensi katika faili, na kijana aliyesoma hadi chuo kikuu amekwisha kuamini kwamba lugha ya nyanya yake haina nafasi katika mashine.

Tukaketi kuandika, na matatizo yakaanza papo hapo. Kimeru kipi? Cha Imenti, cha Tigania au cha Igembe? Na rafiki yake wa Embu, ambaye hucheza naye, angekubali Kimeru peke yake bila Kiembu? Lugha hizi mbili zina irabu saba, nasi tulizoea kuandika jumbe za simu kwa herufi tano, tukiziacha ĩ na ũ zijifahamu. Tulibishana kuhusu hayo hadi chai ikapoa, na orodha yetu haikufika mistari kumi.

Baada ya chai akaurudia mchezo. Hazikupita dakika mbili, mpinzani akamvizia nyuma ya ukuta na kumpiga risasi, kisha maandishi yakatokea kwenye kioo: Mũga!

Mpwa wangu alicheka, akaniomba nimpe maneno zaidi.