KUANGUKA KWA CHARLIE NI KAZI YA UFUNDI

Katika miaka ya 1950 motokaa za sinema za Serikali zilizunguka vijijini Kenya. Giza lilipoingia, watu walikusanyika uwanjani mbele ya kitambaa cheupe kutazama mafunzo ya kilimo na afya. Kisha huja picha fupi isiyosema ya Charlie Chaplin. Mafunzo yalihitaji mfasiri mwenye kipaza sauti, Charlie hakumhitaji. Alipoanguka chali, wazee kwa watoto walicheka pamoja.

Wenye sinema walikuwa na fikira nyingine. Idara ya Picha za Makoloni, iliyoanzishwa London mwaka 1939, ilishauri kwamba picha za watu wa vijijini ziende polepole, bila hila yoyote, ili mtazamaji asipotee. Lakini picha za Charlie ni mbio na hila tupu, na hakuna aliyepotea.

Kwa watu wa Kitui na Makueni jambo hili si la ajabu. Ngoma za Wakamba zasifiwa kote Kenya kwa sarakasi zake: kijana huruka, hupinduka hewani, akatua kwa miguu sawa na mdundo. Aliyekulia penye ngoma hizo ajua kwamba mwili haurushwi ovyo. Kila anguko lina hesabu yake, na hatari yake pia. Charlie alipokuwa akitengeneza picha ya *Easy Street*, iliyotoka mwaka 1917, nguzo ya taa ilimwangukia ikamjeruhi pua, na kazi ikasimama kwa siku kadhaa.

Tena Charlie alikuwa akicheza shida aliyoijua. Alizaliwa mwaka 1889, na alipokuwa na miaka 7 alipelekwa katika nyumba ya maskini huko London. Katika *A Dog's Life* ya mwaka 1918 anaiba chakula kibandani, akikimeza kila mwuzaji anapogeuka. Wakamba, walioiita njaa ya mwaka 1961 *Yua ya Ndeke* kwa kuwa chakula kililetwa kwa ndege, hawakuhitaji kuelezwa maana ya tumbo tupu. Kumcheka Charlie hakukuwa kuidharau njaa, maana kila aangukapo huinuka, hujipangusa vumbi, akaenda zake.

Basi msomaji, ukipata kuziona picha hizo, itazame miguu yake kama umtazamavyo mchezaji hodari wa ngoma. Mcheza kwao hutunzwa; Charlie alitunzwa hata ugenini.