Polisi wa London na Polisi wa Ireland

Watu wengi hudhani ya kuwa huko Uingereza polisi walipokewa kwa furaha tangu siku ya kwanza. Sivyo. Kabla ya mwaka 1829 mji wa London ulikuwa na walinzi wa usiku, na palipotokea ghasia kubwa waliitwa askari wa vita. Huko Manchester, mwaka 1819, askari wapanda farasi waliushambulia mkutano wa raia wakaua watu zaidi ya 10.

Kwa hiyo Waziri Robert Peel alipounda polisi wa London, walivikwa nguo za buluu, si nyekundu kama za askari wa vita, wakapewa rungu badala ya bunduki. Tena kila mmoja alikuwa na nambari kwenye ukosi wa koti, apate kujulikana. Hata hivyo wengi waliwachukia, wakiwaita wapelelezi. Mwaka 1833 polisi mmoja, Robert Culley, alichomwa kisu katika ghasia akafa, na baraza la raia lililochunguza kifo chake likasema kwamba kuuawa kwake kulikuwa halali! Hukumu hiyo ilibatilishwa baadaye.

Ireland mambo yalikuwa mengine. Huko polisi walichukua bunduki, wakakaa kambini, wala hawakuwekwa katika wilaya za kwao. Nasi twaona kwamba makoloni mengi ya Waingereza, pamoja na ya Afrika Mashariki, yalifuata mfano huu zaidi kuliko ule wa London. Ndiyo sababu askari aliyefika kijijini mara nyingi alikuwa mgeni, asiyejua lugha ya wenyeji.