Kuponya Nchi: Maana Yake Katika Mabonde ya Usambara

Msafiri atokaye Muheza akapanda njia ya Amani mpaka Bulwa, katika milima ya Usambara ya Mashariki, huona mambo matatu. Huona mashamba makubwa ya chai, yaliyokatwa usawa mmoja. Huona msitu wenye kiza na unyevu. Na baina ya hayo mawili, katika miteremko na mabonde, huona nyumba za wakulima zimezungukwa na migomba, na chini ya migomba maharage na magimbi yamechanganyika. Mgeni huweza kudhani kwamba kilimo hicho hakina utaratibu. Makusudi ya makala haya ni kuonyesha kwamba utaratibu upo, nao umesimama juu ya fikira moja ya kale. Na kwamba mtu asiyeijua fikira hiyo, hata akija na shauri jema, huweza kukataliwa.

Washambaa huieleza fikira hiyo kwa maneno mawili: kuzifya shi na kubana shi. Neno shi ndilo nchi kwa Kiswahili. Kuzifya shi ni kuiponya nchi, na kubana shi ni kuiharibu. Msomaji asilichukue neno kubana kwa maana yake ya Kiswahili. Nchi iliyopona hupata mvua kwa wakati wake, chakula hutosha, na watu hukaa kwa amani. Nchi iliyoharibika huwa na ukame, njaa na vita. Wala mambo hayo hayakutengwa, kwamba mvua ni habari ya mawingu na amani ni habari ya wakubwa. Yote yalikuwa jambo moja.

Ili kuifahamu maana hiyo hapana budi kuitazama ardhi yenyewe. Milima ya Usambara imegawanywa na bonde la mto Lwengera: upande mmoja Usambara ya Mashariki, penye Amani na Bulwa, upande wa pili Usambara ya Magharibi, penye Lushoto, Vugha na Mlalo. Watu wa milimani waliita makao yao Shambaai, na nchi ya tambarare iliyo chini waliita nyika. Shambaai ni baridi, mvua ni nyingi, na mgomba hustawi. Nyika ni joto, mvua haiaminiki, na homa ya malaria ni nyingi. Lakini mazao yake hukomaa upesi. Kwa hiyo zamani vijiji vingi vilijengwa karibu na ukingo wa mlima, ili mtu alale penye hewa njema, awe na migomba yake karibu, naye aweze kushuka kulima nyika. Jua likiunguza mazao ya chini, ya juu huweza kuokoka. Basi kuchanganya kwa Mshambaa, mazao kwa mazao na shamba la juu kwa la chini, kulikuwa ndiyo akiba yake.

Lakini juhudi ya mtu mmoja haikutosha kuiponya nchi, na hapo ndipo ilipoingia kazi ya mfalme. Habari za ukoo wa Wakilindi, uliotawala Shambaai, ziliandikwa kwa Kiswahili na Abdallah bin Hemedi 'lAjjemy katika kitabu cha Habari za Wakilindi, kilichotolewa tena mwaka 1962 kwa uhariri wa J. W. T. Allen. Humo twasoma jinsi Mbegha, mwindaji wa nguruwe aliyetoka Nguu, alivyofanywa mfalme. Mfalme aliitwa Simba Mwene, akaaminiwa kuwa na uganga wa mvua. Watu walimpa kodi na kazi, naye aliwapa mvua na amani. Akiwa na nguvu bila mshindani, nchi ilipona. Wakubwa wakishindana, nguvu kwa nguvu, nchi iliharibika. Kimweri ye Nyumbai, mfalme wa Vugha, alipofariki mwaka 1862, jamaa zake walipigania ufalme kwa bunduki, na watu wengi wakauzwa utumwani. Wazee waliposema kwamba nchi imeharibika, walisema jambo walilolishuhudia.

Katika mwaka 1946 fikira hii ilikutana na fikira nyingine. Serikali ya Waingereza iliona kwamba udongo katika bonde la Mlalo unachukuliwa na maji, ikaanzisha mpango wa kuutengeneza. Baadaye mpango ukaenezwa mahali pengine katika Usambara. Wakulima waliamriwa kupiga matuta kukingama mteremko, na penye mteremko mkali mno walikatazwa kulima. Hatari ya mmomonyoko ilikuwa ya kweli. Lakini kazi ya matuta ilikuwa nzito, na sehemu kubwa yake iliwaangukia wanawake. Mtu mwenye kishamba kimoja cha mlimani, akikatazwa kukilima, hakuwa na kingine. Tena walioshika amri hiyo na kuwatoza faini waliokaidi walikuwa machifu, ambao kwa desturi kazi yao ilikuwa kuiponya nchi. Machoni pa watu wengi mpango ulioitwa wa kuhifadhi udongo ukawa ni kubana shi. Upinzani uliendelea mpaka mpango ukaachwa mwishoni mwa miaka ya 1950.

Tusidhani kwamba watu hao walichukia kuutunza udongo. Tangu mwaka 1981, mradi mwingine ulioanzishwa Lushoto kwa msaada wa Ujerumani ulitumia njia iliyo karibu zaidi na desturi: kupanda miti na majani ya malisho kwa mistari kukingama mteremko, na kufuga ng'ombe zizini ili samadi irudi shambani. Mkulima aliyepata majani, maziwa na samadi katika mstari uliozuia udongo wake alikuwa na sababu ya kuutunza.

Sasa turudi Bulwa. Karibu na hapo uko msitu wa Derema, unaounganisha sehemu za misitu ya Usambara ya Mashariki, nchi ya viumbe na mimea mingi isiyoonekana penginepo duniani. Wakulima walikuwa wakipanda iliki chini ya kivuli cha miti yake. Iliki huzaa vizuri kwa miaka kadhaa, kisha mavuno hupungua, na mkulima hushawishika kukata miti apande mazao mengine. Vijito vya milima hii huulisha mto Sigi, ambao mji wa Tanga huutegemea kwa maji. Kwa hiyo katika miaka ya 2000 mipaka ya Derema iliwekwa, kilimo cha iliki ndani yake kikakomeshwa, na wakulima zaidi ya 1,000 wakalipwa fidia. Msitu ulipata ulinzi. Lakini fedha huliwa zikaisha, na shamba la iliki lilikuwa likimpa mtu riziki mwaka hata mwaka.

Hapa ndipo lugha inapotufunza. Kuhifadhi, kama tulitumiavyo neno hilo katika habari za misitu, ni kukitenga kitu kisiguswe. Kuzifya ni zaidi ya hapo: aliyeponya nchi lazima mvua inyeshe, na lazima watu wale. Kwa kipimo hicho, msitu uliosimama karibu na nyumba yenye njaa ni nchi ambayo haijapona. Na shamba lililoshiba mwaka huu huku chemchemi ikikauka, nalo ni nchi iliyoharibika. Atakayetunga mipango kwa ajili ya mabonde ya Usambara yampasa aulizwe kwa pande zote mbili za kipimo hicho, kwa kuwa ndivyo wenyeji watakavyompima.