Usipande kokwa ulizookota chini ya mchikichi

Sehemu kubwa ya Burundi ni milima yenye baridi isiyoufaa mchikichi. Rumonge iko ufukweni mwa Tanganyika, mita zipatazo 770 juu ya bahari, na joto lake limeupokea vizuri mti huu wa misitu ya mabondeni ya Afrika Magharibi na Kati. Mawese ya huku yanapikiwa na kutengenezewa sabuni. Ndiyo maana inaniuma kuona mkulima akiokota kokwa chini ya mti wake unaozaa kuliko yote, akazisie kitaluni.

Aina za mchikichi ni tatu. Dura ina kokwa yenye ganda nene na nyama haba. Pisifera haina ganda, ila maua yake ya kike mara nyingi huharibika kabla ya kuwa matunda. Tenera, yenye ganda jembamba na nyama nyingi, ni mtoto wa hao wawili, na mkungu wake hutoa mafuta takriban asilimia 30 zaidi ya mkungu wa dura wenye uzito uleule. Watafiti Beirnaert na Vanderweyen walithibitisha uzazi huo wa tenera Yangambi, Kongo, mwaka 1941.

Sasa tenera ikipandishwa na tenera, robo ya watoto huwa dura, nusu tenera, na robo pisifera. Shambani hata baba humjui, maana chavua hubebwa na fukusi wadogo kutoka mti wowote wa jirani. Hizo pisifera hunawiri kweli, shina nene na majani mengi, lakini mikungu hainenepi. Mkulima hulaumu udongo, huongeza mbolea, na miaka mitatu minne imeshapita kabla hajajua. Mti mzuri angeuvuna miaka 25 na zaidi.

Ukitaka kuujua mti ulio nao, kata tunda katikati kwa kisu: tenera ina duara la nyuzi nyeusi kuzunguka ganda, dura haina. Lakini kisu hakikuambii mtoto atakuwaje. Mbegu ya kuaminika hutoka kwa dura ambaye ua lake lilifungwa mfukoni kabla ya kufunguka, kisha likatiwa chavua ya pisifera teule. Ng'ambo ya mpaka, mkoani Kigoma, Tanzania, kituo cha utafiti wa kilimo cha TARI Kihinga huzalisha mbegu za tenera.

Kwa hiyo ukinunua mche, uliza mama yake ni nani na baba yake ni nani. Muuzaji asiyeweza kukujibu, mwachie miche yake.