Steki ya Kujaza na Kuviringisha: Mlo wa Jioni Unaoweza Kupikwa Nyumbani

Steki ya kujaza na kuviringisha ni kipande kipana cha mnofu wa ng'ombe kinachotandazwa, kikapakwa viungo, kikawekwa mboga au mayai ndani, kikaviringishwa na kufungwa kwa uzi, kisha kikapikwa kikiwa kizima. Mezani hukatwa slesi za mviringo zinazoonyesha nyama na mboga zilizozungukana. Kipande kigumu cha bei ya kawaida hugeuka chakula cha kukaribishia wageni, na kilo moja ya nyama, ikiongezewa mboga, hutosha watu watano au sita.

Mapishi haya yako katika nchi nyingi. Argentina na Uruguay huyaita matambre, na nyama yake ni ule mnofu mwembamba ulio kati ya ngozi na mbavu za ng'ombe. Hujazwa mayai, karoti na majani ya viungo, na mara nyingi huliwa ikiwa imepoa. Wajerumani hutengeneza Rouladen, vipande vidogo vilivyopakwa haradali na kujazwa vitunguu, matango ya siki na nyama ya nguruwe iliyokaushwa. Kusini mwa Italia, braciole hupikwa polepole ndani ya rojo la nyanya, na rojo hilo hutumika pia kuungia tambi. Kote huko msingi ni mmoja: nyama isiyo laini hulainishwa kwa wembamba, kwa majimaji na kwa muda.

Nyama

Bucha likitajiwa steki hutoa mnofu usio na mfupa, lakini si kila mnofu unafaa. Fileti ni laini tayari na bei yake ni kubwa, hivyo kuichemsha kwa muda mrefu ni hasara. Kinachofaa ni kipande kimoja kizima cha paja au cha ubavuni chini, chenye uzito wa gramu 800 hadi kilo moja. Muuza nyama aombwe asikikate vipande.

Kipande kinene hupasuliwa katikati kwa kisu kikali, kikiachwa kimeshikana upande mmoja, kisha hufunguliwa kama kitabu. Baada ya hapo hufunikwa kwa mfuko safi wa plastiki na kupondwa kwa mchi, kuanzia katikati kwenda pembeni, hadi unene ubaki chini ya sentimita moja na uwe sawa kila mahali. Sehemu iliyobaki nene itachelewa kuiva, na iliyotoboka itavujisha mboga.

Nyama hupakwa chumvi, pilipili manga, kitunguu saumu, tangawizi na ndimu kidogo. Wapishi wengi wa Pwani hulainisha mishikaki kwa papai bichi, ambalo lina kimeng'enya kinachovunja protini. Kwa steki itakayopikwa saa mbili papai si lazima. Likitumika, lisikae zaidi ya nusu saa, kwani nyama nyembamba huvurugika upesi.

Mboga za ndani

Fungu moja la spinachi au mchicha, karoti moja, pilipili hoho moja, kitunguu kimoja na mayai matatu ya kuchemsha vinatosha. Majani hukaangwa pamoja na kitunguu hadi maji yote yakauke, kisha huachwa yapoe kabisa. Maji yakibaki, mviringo hulegea na kuachia. Mboga za moto nazo hupasha nyama mbichi kabla ya kupikwa, hali inayowapa bakteria nafasi ya kuzaliana. Karoti na hoho hukatwa vijiti vyembamba.

Kuviringisha

Hatua hii ndiyo inayoamua ulaini wa slesi. Nyama ina nyuzi zinazoelekea upande mmoja, na huwa laini mdomoni pale kisu kinapozikata kwa kukingama. Kwa hiyo nyama hutandazwa ubaoni nyuzi zake zikitoka kushoto kwenda kulia mbele ya mpishi, kisha huviringishwa kuanzia ukingo ulio karibu naye. Nyuzi hulala kufuata urefu wa mviringo, na kila slesi itakayokatwa baadaye huzifupisha. Nyama ikiviringishwa kinyume chake, slesi hujaa nyuzi ndefu zinazotafunika kwa shida hata baada ya kuiva.

Majani hutandazwa kwanza, karoti, hoho na mayai hupangwa kwa mstari juu yake, na ukingo wa sentimita mbili huachwa wazi pande zote. Mviringo hukazwa bila kuminya mboga zikatoka, kisha hufungwa kwa uzi wa pamba kila baada ya sentimita tatu au nne. Uzi wa nailoni haufai, kwani huweza kuyeyuka kwenye moto.

Moto

Nyama hufutwa majimaji ya nje, kisha hukaangwa kwenye mafuta ya moto, ikigeuzwa hadi pande zote ziwe za kahawia, kwa dakika nane hadi kumi. Rangi hiyo na harufu yake hutokana na mwitikio wa protini na sukari kwenye joto kali, ambao mwanakemia Mfaransa Louis Camille Maillard aliueleza mwaka 1912. Nyama yenye maji juu haifiki joto hilo, hivyo huchemka badala ya kukaangika.

Nyama huondolewa, na katika sufuria ileile hukaangwa kitunguu na nyanya nne, huku yaliyoganda chini yakikwanguliwa. Vikombe viwili vya maji au supu huongezwa, nyama hurudishwa, na sufuria hufunikwa. Moto huwa mdogo, rojo likitokota taratibu kwa saa moja na nusu hadi mbili, na nyama hugeuzwa mara mbili au tatu. Kwenye jiko la mkaa, makaa hupunguzwa. Muda huo unahitajika kwa sababu kolajeni, protini inayokaza misuli ya paja, hugeuka jelatini laini taratibu joto linapozidi 70°C. Moto mkali haufupishi kazi hiyo; hukausha tu nyama. Kwa usalama, joto la katikati ya mviringo lifike angalau 74°C, na mchemko wa muda huo hulifikisha.

Kukata na kupakua

Nyama huachwa ipumzike dakika 10 hadi 15, uzi hukatwa na kuondolewa wote, kisha slesi za sentimita moja na nusu hukatwa kwa kisu kikali na kumwagiwa rojo. Wali, ugali, chapati au viazi vya kuponda vyote vinafaa, pamoja na kachumbari. Kinachobaki kiwekwe kwenye friji ndani ya saa mbili. Kesho yake slesi baridi hukatika vizuri zaidi na hufaa ndani ya mkate.

Kipimo cha mwisho ni uma: ukiingia na kutoka bila kuvutana na nyama, steki imeiva. Ukishikwa, sufuria ifunikwe tena kwa dakika 20, kwani ugumu wa mnofu wa paja mara nyingi ni dalili kwamba muda wake haujatimia.