Hela: Sarafu Ndogo Iliyoacha Jina Kubwa

Mtu aliyeko sokoni Igowole, wilayani Mufindi, akisema "sina hela", maana yake ni kwamba hana fedha yoyote. Hapo zamani neno hilo lilikuwa jina la sarafu moja tu, tena miongoni mwa zile ndogo kabisa.

Katika koloni la Wajerumani, rupia moja iligawanywa kwanza kuwa pesa 64, kwa desturi ya India, ambako ndiko lilikotoka neno "pesa". Mwaka 1904 serikali ya koloni iliigawa rupia hiyo hiyo katika sehemu 100, na kila sehemu ikaitwa heller. Mwanafunzi na apige hesabu: pesa 1 ikawa sawa na heller 1 na sehemu 9 za 16. Basi mchuuzi aliyezoea kuuza kitu kwa pesa moja atoze ngapi? Akitoza heller 1 apata hasara. Akitoza 2 amwonea mnunuzi. Nusu heller ingaliweza kumsaidia, lakini haikutengenezwa tena baada ya mwaka 1906.

Jina lenyewe latokana na mji wa Hall, kusini mwa Ujerumani, uliofua sarafu hizo katika Karne za Kati. Kwa Wajerumani heller ilikuwa mfano wa kitu kisicho na thamani, kama ilivyokuwa kwa Waingereza farthing, yaani robo ya peni.

Kichekesho kilikuwa heller 5 ya mwaka 1908. Ilikuwa ya shaba iliyochanganywa na bati, yenye uzito wa gramu 20, ilhali rupia nzima ya fedha haikufika gramu 12. Mwenye kubeba rupia moja kwa sarafu hizo alibeba gramu 400! Mwaka 1913 ikatolewa nyingine, nyepesi, ya shaba na nikeli, yenye tundu katikati. Tundu hupunguza madini yanayotumika. Tena vidole huitambua sarafu hata gizani, na kamba hupita.

Mwaka 1916, wakati wa vita, karakana ya reli ya Tabora ilifua heller 20 kwa shaba iliyopatikana. Shilingi yenye senti 100 ilifuata mwaka 1921, chini ya Waingereza. Farthing ilikoma kuwa fedha halali mwishoni mwa mwaka 1960, na jina lake limebaki vitabuni. Heller ilitumika hapa kwa miaka isiyozidi ishirini hivi, na Igowole bado yatajwa kila siku ya soko.