Bakuli la Matunda ya Kipupwe

Katika wilaya za Nachingwea na Ruangwa, mkoani Lindi, maembe yanapokwisha watu wengi huhesabu kwamba matunda nayo yamekwisha. Ifikapo Juni upepo wa kusi umeshika, asubuhi zina ubaridi, ufuta unapelekwa mnadani, mbaazi zinakomaa shambani na mikorosho inajiandaa kutoa maua. Ni majira ya kazi na ya fedha. Katika kliniki ya wajawazito ni majira ambayo ushauri uleule wa mwaka mzima huendelea kutolewa: "Mama, kula matunda." Mama huitikia kwa heshima, akarudi nyumbani, akautazama mwembe usio na tunda hata moja, akaendelea na ugali wake na chai yake.

Hatudai kwamba ushauri ule ni mbaya. Tunachosema ni kwamba haujakamilika. Hakuna tabibu anayemwandikia mgonjwa "kunywa dawa" asitaje dawa gani, kiasi gani na saa ngapi. Lakini tunda, ambalo katika mlo wa mama huyu lina kazi mahususi, tunaliacha lielee bila jina. Makala hii inajaribu kulipa jina kwa njia nyepesi: saladi ya matunda yapatikanayo wakati wa kipupwe, inayoandaliwa kwa kisu, sahani na maji safi, bila jokofu wala sukari.

Kwa nini jambo dogo kama hili listahili kurasa za jarida la afya? Kwa sababu ya damu. Utafiti wa kitaifa wa afya ya uzazi na malaria wa mwaka 2015–16 ulionyesha kuwa wanawake 45 kati ya kila 100 wenye umri wa miaka 15 hadi 49 nchini Tanzania walikuwa na upungufu wa damu, na watoto 58 kati ya kila 100 wenye umri wa miezi 6 hadi 59. Sababu zake ni nyingi, nazo hushikana mikono: malaria, minyoo, kichocho, mimba zinazofuatana upesi, selimundu, na ukosefu wa madini ya chuma. Saladi haitibu malaria, wala haifukuzi minyoo. Mjamzito ambaye himoglobini yake iko chini ya gramu 11 kwa desilita anahitaji kupimwa, kutibiwa na kumeza vidonge vyake vya kuongeza damu kama alivyoelekezwa. Lakini katika ile sababu ya mwisho, yaani ukosefu wa chuma, tunda lina neno la kusema.

Chakula cha kusini hakikosi chuma. Mbaazi kavu zina takriban miligramu 5 za chuma katika kila gramu 100; kisamvu, majani ya kunde na ufuta navyo vina sehemu yake. Tatizo ni kwamba chuma cha mimea hakipenyi kirahisi katika ukuta wa utumbo. Hufika tumboni kikiwa katika hali ambayo mwili hauipokei vizuri, tena hushikwa na viambata vilivyomo katika nafaka na mbegu, na sehemu kubwa hutoka kama ilivyoingia. Vitamini C hukibadilisha chuma hicho kiwe katika hali inayopokeleka, na hukilinda kisishikwe. Katika mlo wa ugali na mbaazi, tunda lenye vitamini C ya kutosha laweza kuongeza chuma kinachofyonzwa mara mbili au zaidi. Chai hufanya kinyume chake: ukakasi wake hukifunga chuma. Mama anayekula mbaazi akashushia kwa kikombe cha chai ya rangi amejinyima kile alichokivuna. Kwa hiyo wakati wa kula tunda ni muhimu kama tunda lenyewe, na wakati huo ni pamoja na mlo au mara tu baada yake. Chai isogezwe mbele kwa saa moja au mbili.

Sasa tuyatafute matunda. Vitabu na majarida ya ng'ambo yanapotaja matunda ya majira ya baridi husema tufaa, peasi na komamanga, nasi tumeyazoea maneno hayo kiasi kwamba mgonjwa akilazwa, ndugu zake huhangaika kumtafutia tufaa lililosafirishwa kutoka mbali, kwa bei ambayo ingenunua machungwa ya familia nzima. Tufaa si baya. Lakini katika gramu 100 za tufaa kuna takriban miligramu 5 tu za vitamini C. Chungwa lina kama 50, papai bivu kama 60, na pera zaidi ya 200. Machungwa na machenza hukomaa katika miezi hii hii ya ubaridi; mapapai na ndizi hupatikana mwaka mzima; mapera huja kwa vipindi, na mara nyingi huachiwa watoto na ndege.

Halafu kuna ubuyu. Mibuyu hukomaza matunda wakati wa kiangazi, na unga mweupe ulio ndani ya ganda lake una vitamini C inayotofautiana mti kwa mti, lakini kwa kawaida hulizidi chungwa maradufu kwa uzito uleule. Ni vema tutofautishe: ubuyu tunaousema ni unga mkavu kama ulivyotoka kwenye ganda, si zile mbegu zilizopikwa kwa sukari na rangi nyekundu ambazo watoto hununua karibu na shule. Hizo ni peremende.

Yawezekana kwamba tunayadharau matunda haya kwa kuwa hayana mnada. Historia ya eneo hili imejaa mazao yaliyopimwa kwa kile kitakachosafirishwa. Mwaka 1947 Serikali ya Uingereza ilipoanzisha mpango mkubwa wa karanga, Nachingwea ilikuwa mojawapo ya maeneo yake matatu, pamoja na Kongwa na Urambo, ili Waingereza wapate mafuta ya kula. Mpango ulianguka mwaka 1951. Leo ni korosho, ufuta na mbaazi, na hatulaumu, kwa maana fedha hizo ndizo zinazosomesha watoto na kuezeka nyumba. Ila pera na ubuyu, ambavyo hakuna chama cha ushirika kinachovipima, vimebaki bila thamani hata machoni pa yule anayevihitaji kuliko wote.

Saladi ya watu watano yahitaji papai moja dogo lililoiva, machungwa manne, ndizi mbivu mbili, mapera matatu kama yapo, ndimu moja, na vijiko viwili vya chakula vya unga wa ubuyu. Nawa mikono kwa sabuni. Osha matunda yote yangali mazima, hata yale yatakayomenywa, kwa sababu kisu kinapopita kwenye ganda chafu huingiza uchafu ndani ya nyama ya tunda. Kamua chungwa moja katika bakuli, changanya maji yake na unga wa ubuyu, koroga mpaka pasiwe na madonge. Hiyo ndiyo rojo ya saladi. Menya machungwa yaliyosalia, toa mbegu, ukate vipande. Papai na mapera nayo yakatwe vipande vidogo. Ndizi zikatwe mwisho na kunyunyiziwa ndimu papo hapo zisigeuke rangi. Changanya yote taratibu. Usiongeze sukari, ndizi na papai zinatosha kuuvunja uchachu wa ubuyu, na ukiona bado ni mchachu, punguza ubuyu.

Suala la kuosha lina uzito wake katika miezi hii. Kuanzia Juni hivi hadi Agosti wakulima hupuliza salfa kwenye mikorosho kuzuia ubwiriunga, na vumbi lake huchukuliwa na upepo likatua juu ya mapapai na mapera yaliyo jirani. Salfa huwasha macho na kubana kifua, nayo haifai kuliwa pamoja na ganda la pera. Matunda yaliyo karibu na mashamba yaoshwe kwa maji mengi yanayomiminwa, yakisuguliwa kwa mkono, na bakuli la saladi lifunikwe. Maji yawe yamechemshwa au kutiwa dawa. Visima vingine hupungua maji katika kiangazi, na hapo ndipo kishawishi cha kuosha matunda kumi kwa kata moja hutokea. Ni afadhali kuandaa matunda mawili safi kuliko kumi yatakayoleta kuhara.

Saladi iliwe ndani ya saa mbili. Vitamini C hupungua tunda likikaa limekatwa, na vijidudu huongezeka. Mtoto aliyetimiza miezi sita aanze na papai au ndizi iliyopondwa. Walio chini ya miaka mitano wakatiwe vipande vidogo visivyo na mbegu, wakae chini wanapokula.

Kuna swali ambalo wauguzi hukutana nalo, mara nyingi kwa sauti ya chini: je, papai haliharibu mimba? Hofu hii isichekwe, maana ina chanzo. Papai bichi lina utomvu, na wajawazito hushauriwa wasile papai bichi. Papai lililoiva vizuri, lenye nyama ya manjano au nyekundu na lisilotoa utomvu mweupe likikatwa, ni salama. Mama mkwe akiwa ndiye mwenye hofu, basi ni yeye wa kuelezwa, tena mbele ya mama mwenyewe, ili asiachiwe mzigo wa kubishana nyumbani.

Wapo wanaohitaji tahadhari. Mwenye kisukari anaweza kula saladi hii, kiasi cha kikombe kimoja kidogo, apendelee pera na papai na apunguze ndizi, wala asiibadilishe kuwa juisi, kwani juisi huingiza sukari mwilini kwa kasi. Mwenye figo zilizoshindwa kazi asile machungwa, ndizi au ubuyu kwa wingi kabla ya kuongea na daktari wake, kwa ajili ya potasiamu. Mwenye selimundu anufaike na matunda, lakini asijiongezee vidonge vya chuma bila vipimo. Na balungi, ambalo wengine wangependa kulitia humu badala ya chungwa, lina tabia ya kupandisha kiwango cha baadhi ya dawa katika damu, zikiwamo nifedipini ya shinikizo la damu na simvastatini ya kupunguza lehemu. Anayetumia dawa hizo aliache.

Kwa mwenzetu mhudumu wa zahanati tunapendekeza mazungumzo yaanze kwa swali badala ya agizo. "Mama, nyumbani kwako kuna mti gani unaozaa sasa?" Akijibu kwamba hakuna isipokuwa mpapai wa jirani na mbuyu wa njiani, mmekwisha pata pa kuanzia. Kisha mwulize anakunywa chai saa ngapi, na vidonge vyake anavimeza kwa nini. Wengi humeza kwa chai ya asubuhi, bila nia mbaya, kwa sababu ndicho kinywaji cha moto kilichopo. Mwambie avimeze kwa maji, au kwa rojo ile ya ubuyu na chungwa, na chai ingoje. Akirudi mwezi ujao usimwulize kama alikula matunda. Mwulize ni lipi, siku zipi, na pamoja na chakula gani, uandike jibu lake kando ya kipimo cha damu.

Bakuli lenyewe litabadilika. Korosho zinapoanza kuanguka, kuelekea Oktoba, machungwa yatakuwa yamepungua na mabibo yatatapakaa chini ya kila mkorosho. Bibo lina vitamini C nyingi kuliko chungwa. Lichumwe au liokotwe siku hiyo hiyo, korosho ing'olewe bila kupasuliwa ili mafuta yake makali yasiguse midomo, lioshwe, likatwe vipande vyembamba na kutiwa chumvi kidogo kupunguza ukakasi. Kisha lichukue nafasi ya chungwa katika rojo ya ubuyu uliohifadhiwa tangu Agosti, ndani ya kopo lililofungwa vizuri, mbali na unyevu.